Tuangalie Mkono Unaotunza

Novemba 2018, Baraza la Sanaa la Taifa, BASATA, liliufungia wimbo mmoja wa Rayvanny na Diamond Platnumz kwa madai kwamba maneno yake yanavunja maadili. Mwezi uliofuata wawili hao wakaupiga jukwaani jijini Mwanza. Baraza likaghadhibika, likawafungia na wenyewe wasifanye maonyesho kwa muda usiojulikana. Wakaomba radhi, na Januari 2019 wakafunguliwa. Kama kuna mtu ambaye hakuwa ameusikia wimbo ule, marufuku yenyewe ilimpa sababu ya kuutafuta.

Katika mabishano yote yale, mtaani, redioni, hata kwenye nyumba za ibada, kilichochambuliwa kilikuwa maneno ya ubeti. Sikumsikia mtu akiuliza nani anaulipia wimbo ule, na fedha inapita wapi hadi kumfikia aliyeuimba. Ndiyo desturi yetu. Machi 2017 Nay wa Mitego alikamatwa kwa sababu ya mashairi, kisha Rais Magufuli akaagiza aachiwe na wimbo uendelee kupigwa, hata akapendekeza mambo mengine ya kuongezwa humo. Mkuu wa nchi naye akawa mhariri wa beti. Majirani zetu hawako mbali: Agosti 2023 ombi la kuifungia TikTok lilifika Bungeni Nairobi, na sababu kubwa zilizotolewa zilikuwa zile zile za matusi, uchi na vijana kuharibika.

Sisemi maneno hayana uzito. Nasema tumeyakazia macho mno hata hatuoni kinachoyazaa. Burudani huchukua umbo la njia inayolipiwa, na sisi tunaoishi nayo kila siku hatimaye huchukua umbo hilo hilo. Ukitaka kujua kwa nini mtoto wa leo anacheka anavyocheka, anagombana anavyogombana na kuomboleza anavyoomboleza, uliza kwanza nani anatoa fedha, lini, na anatoa akiwa anaonekana au amejificha.

Chukua taarabu. Asiyewahi kuingia ukumbini atadhani mwimbaji analipwa kwa kiingilio tu. Aliyeingia anajua kwamba kazi yenyewe huanza pale mama anapoinuka kitini, anakuja mbele akinesanesa, noti imebanwa kati ya vidole viwili imeinuliwa juu ili kila mtu aione, anaichezesha mbele ya mwimbaji, anaiweka mkononi mwake, anageuka na kurudi polepole kuliko alivyokwenda. Huko ndiko kutunza. Hakuinuka kwenye mstari wowote. Aliusubiri ule unaomhusu, yaani ule unaomhusu adui yake. Mwimbaji mzoefu huona noti inakotokea, basi mstari ule haumwachi. Ataurudia mara ya pili, ya tatu, ya tano, mpaka mikono ikome kuja. Kwa hiyo ubeti uliotungwa ukiwa na mistari minne unaweza kuimbwa mstari mmoja robo saa nzima, na ukumbi ukaridhika kabisa.

Mwanzoni mwa miaka ya 1990, Dar es Salaam ilipoona ushindani wa vikundi vya Tanzania One Theatre ya Kapteni John Komba na Muungano Cultural Troupe, mwimbaji Khadija Kopa akiwa upande mmoja na Nasma Khamis upande wa pili, mipasho, yaani nyimbo za vijembe, ilipanda kuliko ilivyowahi kuwa. Wasomi wa maadili walilaumu watunzi. Lakini watunzi walikuwa wanasoma mikono ya watu. Noti zilikuja kwenye kijembe, hazikuja kwenye sifa za Mtume wala mapenzi ya upole, basi vijembe vikazidi. Ukisikiliza taarabu ya kale ya Nadi Ikhwan Safaa, klabu iliyoanzishwa Unguja mwaka 1905, unasikia muziki wa watu waliojiunga kwa ajili ya kupiga muziki. Ile ya ukumbi wa Dar ya 1993 ni ya watu waliokuja kumalizana, na walikuja na noti za kumalizania.

Hata hivyo ukumbi ule ulikuwa na breki. Anayetunza alijulikana uso, jina, mume na mtaa. Kesho yake atakutana na aliyempasha kwenye bomba la maji, arobaini ya mtu, au harusi ya ndugu wa wote wawili. Kijembe kilipaswa kuchoma bila kuua, kwa kuwa maisha ya pamoja yalikuwa yanaendelea. Ndiyo maana mipasho ilijaa mafumbo: fumbo lilimpa mtunzaji nafasi ya kukana. Ufundi ule wa lugha tunaousifu leo ulizaliwa na hofu ya kukutana kesho.

Weka hilo akilini, kisha ingia TikTok saa nne usiku, upande wa laivu.

Utakuta nyuso mbili kwenye skrini iliyogawanywa katikati. Wanapambana. Saa inahesabu dakika tano kurudi nyuma, na juu kuna mstari wa rangi mbili unaosukumwa huku na huku kadiri zawadi zinavyoingia. Waridi ndilo zawadi ya chini, sarafu moja; juu kabisa kuna wanyama na magari ya kuchorwa ambayo bei yake inaweza kulipa kodi ya chumba. Mwenye laivu anaomba: gonga skrini, tuma waridi, jamani tusiaibishwe na hawa. Dakika zikiisha aliyeshindwa anapewa adhabu, anajipaka unga usoni, anachuchumaa, anabweka. Mara nyingi hakuna wimbo, hakuna hadithi, hakuna hata kichekesho. Kuna ushindani na kuna kutunza, basi.

Ni ukumbi wa mipasho ulioondolewa muziki. Wanaoshangaa kwamba wasichana wa laivu wanatukanana kila usiku wanashangaa nini? Wamewekwa kwenye mchezo ambao fedha huingia mstari unapovutwa upande wao, na mstari huvutwa pakiwa na adui. Ugomvi usipokuwepo itabidi uundwe. Wenye kazi hiyo wanajua, na wengi baada ya laivu hupigiana simu wakicheka.

Tofauti zake na ukumbi wa Dar ni mbili, na zote ni nzito. Ya kwanza ni kwamba mtunzaji sasa hana uso. Anaitwa jina la kubuni lenye tarakimu nyuma; anaweza kuwa kijana wa Mbagala, dada aliyeajiriwa ndani ya nyumba ya watu Muscat, au mzee anayeheshimika msikitini. Hatakutana na mtu bombani. Kwa hiyo fumbo halina kazi tena; atalipia tusi lililo wazi, na akitaka zaidi ya tusi ataomba zaidi ya tusi, kwa ujumbe wa pembeni. Uchunguzi wa BBC uliotangazwa Machi 2025 kuhusu Kenya ulionyesha hadi watoto wakitumika kwenye laivu za namna hiyo, lugha ya mafumbo ikibaki kwa ajili ya kuwakwepa wasimamizi wa mtandao tu.

Ya pili ni mgao. Noti ya ukumbini ilitoka mkononi mwa mama ikaingia mkononi mwa mwimbaji. Kikundi kilikuwa na utaratibu wake wa kugawana, na ugomvi wa mgao ulivunja vikundi vingi, lakini fedha ilibaki mjini na wagomvi walijuana. Zawadi ya laivu hupita kwanza kwa mwenye jukwaa, ambaye hukata sehemu kubwa, mara nyingi nusu au zaidi. Uchunguzi ule wa BBC ulitaja takriban asilimia 70. Yaani mama anayemtunza mwanamke mwenzake ili amkomeshe jirani yake anatunza pia kampuni ambayo haijui kwamba huyo jirani yupo.

Wapo watakaosema ni maadili ya vijana yaliyoporomoka. Mimi nawaambia wale akina mama wa 1993 ndio bibi zao.

Mfano wa pili ni wa filamu, na huu ninaupenda kwa sababu kila mtu anaukumbuka akicheka. Katika miaka ya dhahabu ya Bongo Movie, wakati waigizaji Steven Kanumba na Vincent Kigosi wako kileleni, filamu ilitoka kwenye sahani mbili za video, Part 1 na Part 2, kila moja ikiuzwa peke yake. Mtayarishaji alikuwa akipeleka kazi yake kwa msambazaji Kariakoo, Steps Entertainment akiwa mkubwa wao, anapewa fedha ya mkupuo, na msambazaji anabaki na haki ya kuuza. Hadithi ya dakika 80 inayouzwa kama sahani mbili lazima ifike dakika 140. Utazitoa wapi dakika 60?

Utazitoa getini. Gari linakuja taratibu. Linapiga honi. Tunasubiri mlinzi atoke, anakuja anakimbia, anafungua upande mmoja wa geti, anafungua wa pili, gari linaingia, linaegeshwa, dereva anashuka, anafunga mlango, anavua miwani, anatazama ghorofa. Ndani, mama mwenye nyumba anamsalimu mgeni, mgeni anamsalimu mama, binti analeta juisi kwenye trei, glasi zinajazwa mbele yetu moja baada ya nyingine. Tulidhani waongozaji hawajui kazi. Wengi wao walijua sana. Walikuwa wanajaza Part 2.

Sasa angalia kilichotokea kwa watazamaji. Mtoto wa Tunduru au Kasulu ambaye hakuwahi kufika Dar alipewa saa nyingi za kutazama geti, gari, sofa na juisi, kwa mwendo wa polepole, bila hadithi kumsumbua. Jengo la Mbezi Beach likawa mhusika mkuu. Sidhani kuna kampeni ya biashara iliyowahi kuwafundisha Watanzania kutamani nyumba yenye geti kwa ustadi ule, na hakuna aliyeikusudia. Ilitokana na bei ya sahani.

Kanumba alipofariki tarehe 7 Aprili 2012, umati uliojitokeza kumzika Kinondoni ulishangaza wengi. Mfumo uliomlea haukudumu sana baada yake. Sahani za wizi zilijaa mitaani, kisha zikaja zile maktaba za vijana wenye kompyuta moja, unakwenda na flashi unajaziwa filamu za Korea, za Kihindi na za Marekani zilizotafsiriwa kwa sauti ya DJ. Aprili 2017 waigizaji waliandamana Kariakoo pamoja na mkuu wa mkoa kupinga filamu za nje. Walikuwa wanamfukuza mgeni wakati mwenye nyumba alishahama: mtazamaji hakuwa na mpango wa kununua sahani tena, iwe ya nje au ya ndani.

Alikohamia ni kwenye king'amuzi. Dar es Salaam ilizimiwa mitambo ya analojia usiku wa tarehe 31 Desemba 2012, Azam TV ikaingia mwishoni mwa 2013, na malipo yakawa ya mwezi. Tazama tena umbo linavyobadilika. Anayelipa kwa mwezi hatakiwi kumaliza. Hadithi ikiisha anaweza asilipie mwezi ujao. Basi filamu yenye mwisho ikafa, tukapata tamthilia zisizo na mwisho, ambamo mtu anapotea, anarudi na sura ya mwigizaji mwingine, anaolewa na adui wa baba yake, anapoteza kumbukumbu na kuipata wiki mbili kabla ya sikukuu. Kila siku saa fulani nyumba nyingi huketi. Nimeona vikao vya familia vikisogezwa mbele ili visigongane na tamthilia ya Kituruki iliyotiwa sauti za Kiswahili, na sidhani ni nyumbani kwetu tu.

Tukiwa hapo, tusisahau mlipaji wa aina nyingine kabisa. Mwaka 2011 televisheni ya taifa, TBC, ilionyesha tamthilia ya Kichina iliyotafsiriwa kwa Kiswahili, hadithi ya Doudou na mama mkwe wake. Ilipendwa. Machi 2013 Rais Xi Jinping alipohutubia Dar es Salaam, aliitaja kama mfano wa watu wa nchi mbili kufahamiana. Mtazamaji wa Ilala hakutoa hata senti, na hilo peke yake lilitosha kumfanya mtu aulize nani ametoa. Sikumbuki kama tuliuliza. Tulikuwa tunataka kujua kama mama mkwe atabadilika.

Muziki wa dansi nitaugusa kidogo, maana wengi wameueleza vizuri kuliko mimi. Bendi za Msondo na Sikinde ziliishi kwa fedha ya mlangoni. Mtu aliyelipa kiingilio akavaa suti hakutaka wimbo wa dakika mbili na nusu. Alitaka hadithi ndefu ya mwanzo ya kusikiliza akiwa na bia yake, kisha magitaa yachanganye ili acheze mpaka jasho. Nyimbo zao zina mlango wa mbele na wa nyuma kwa sababu usiku wa ukumbini ulikuwa na sehemu hizo mbili. Ilipokuja miito ya simu, kampuni ikikata shilingi kidogo kwa kila anayeuweka wimbo usikike kwa wanaompigia, kilichohitajika kilikuwa kipande cha sekunde chache kinachonasa kabla simu haijapokewa. Kiitikio kikahamia mwanzo wa wimbo. Hakuna aliyeitisha mkutano kuamua hivyo.

Leo mhariri mkuu wa kila kitu ni bando. Tunanunua la siku, la wiki, la usiku, na tunajua kwa vidole limebaki kiasi gani. Aprili 2021 bei za vifurushi zilipobadilishwa ghafla, kelele zilikuwa kubwa hata serikali ikalazimika kusitisha mabadiliko hayo mara moja. Nadhani si bidhaa nyingi ambazo Mtanzania amewahi kuzipigania kwa umoja ule. Mtu mwenye MB 200 hawezi kutazama kitu kirefu, hivyo kila kirefu kinakatwakatwa. Filamu ya saa mbili inakuja vipande 60 vya TikTok, kijana asiyeonekana akisimulia kwa Kiswahili cha haraka: jamaa hapa akagundua kwamba mke wake ni jasusi. Huyo ni mjukuu wa msimuliaji wa kibanda umiza, yaani chumba cha mtaani cha kuonyeshea video, Lufufu na wenzake, ila yule wa kibandani alikuwa na watu sitini mbele yake kwenye mabenchi. Walimjibu, walimzomea, akabadilisha utani kulingana na waliomo. Huyu wa leo hasikii mtu, anasoma namba za waliotazama.

Kibanda umiza kilikuwa na joto, harufu na feni isiyofanya kazi, nami sitaki kukisifia kuliko kilivyostahili. Wasichana wengi hawakuingia, na waliothubutu walipewa majina. Simu imempa msichana haki ya kutazama bila kuombwa maelezo, na hilo ni badiliko kubwa ambalo wanaume tunaokumbuka vibanda kwa huzuni tunalipita haraka mno.

Upande wa YouTube ndiko njia ya malipo imeingia hadi makaburini. Tangu 2018 chaneli ya video ndefu haianzi kulipwa fedha za matangazo mpaka ifikishe wafuatiliaji 1,000 na saa 4,000 za kutazamwa ndani ya mwaka, na tangu 2020 video ikifika dakika nane inaweza kuwekewa matangazo katikati. Mwenye tangazo hulipa zaidi kwa macho ya Marekani au Ulaya kuliko ya Tandika, hivyo mwenye chaneli ya hapa kwetu anahitaji watu wengi sana ili apate kidogo. Watu wengi sana, kwa haraka, bila gharama ya kutengeneza chochote, wanapatikana wapi? Msibani. Mwigizaji akifariki, kamera zinafika kabla ya turubai. Mjane anaulizwa anajisikiaje. Rafiki wa marehemu anaulizwa kama ule ugomvi wao waliumaliza, na mahojiano yanavutwa mpaka dakika ya tisa, nawe sasa unajua kwa nini ni ya tisa. Kuna familia zimeanza kuajiri mabaunsa wa kuzuia kamera makaburini. Zamani ulihitaji watu wa kubeba jeneza tu.

Kiki nazo, yaani vituko vya kutafuta kuzungumzwa, zina hesabu hiyo hiyo. Wapenzi wawili maarufu wanaachana Jumatatu, wanatupiana maneno Jumatano, Ijumaa mmoja anatoa wimbo. Mashabiki wanajua ni mchezo na bado wanacheza, kila mmoja na timu yake. Kinachonisumbua ni kwamba vijana wa kawaida, wasio na wimbo wa kutoa, nao wameanza kuachana kwa utaratibu huo, hatua kwa hatua, status kwa status, mbele ya watazamaji 83.

Serikali nayo imeingiza mkono kwenye njia ya fedha, ila bila kusema hivyo. Kanuni za maudhui ya mtandaoni za 2018 ziliwataka wenye blogu na televisheni za mtandao walipie leseni, gharama zote za kuanzia zikifika kama shilingi milioni 2.1. Zilitetewa kwa hoja ya maadili. Fikiri nani aliweza kulipa. Mwalimu wa Njombe aliyekuwa akiandika kuhusu barabara na zahanati hakuwa na milioni mbili. Chaneli ya udaku yenye matangazo ya vipodozi ilikuwa nazo. Ada hiyo baadaye ilipunguzwa, lakini miaka ile ya mwanzo ilichuja, na kilichobaki juu ya chujio ndicho kile kile ambacho watunga kanuni walisema wanakichukia.

Mpira nao una mlipaji mpya. Tangu 2017 SportPesa ilipoingia Simba na Yanga, kampuni za kubashiri zimekuwa sehemu ya jezi zetu kubwa, na shabiki aliyekuwa na timu moja ya kumuumiza moyo sasa ana mkeka wa mechi kumi na mbili, mojawapo ikiwa ya daraja la pili Finland. Anatazama Yanga ikifungwa na anashangilia kona. Mjadala wetu kuhusu kamari umejaa neno dhambi. Kwa mchezo wenyewe, jambo kubwa zaidi ni kwamba utii wa shabiki umegawanywa vipande vya shilingi 500.

Halafu ukaja uchaguzi wa Oktoba 29, 2025, intaneti ikazimwa kwa siku kadhaa, damu ikamwagika. Mtandao uliporudi, mashabiki wengi walifanya jambo ambalo sikulitarajia: wakaanza kuwaanfolo wasanii waliopanda majukwaa ya kampeni za chama tawala. Wasanii kuimbia chama si jambo geni. Tanzania One Theatre yenyewe ilikuwa ya CCM, na watu waliitunza kwa furaha. Lakini Komba alikuwa na mlipaji mmoja, na kila mtu alijua ni nani. Nyota wa leo ana wawili: mmoja anampa donge nono mara moja kwa miaka mitano, mwingine anampa macho yake kila siku bure na hakuwahi kudhani macho hayo ni malipo. Mwaka 2025 huyu wa pili aligundua kuwa naye ni mtunzaji, na kwamba mkono unaotoa unaweza kurudi mfukoni. Kwa siku chache namba zilizoonekana kuwa sifa tu zikawa deni. Hakuna wimbo uliofungiwa na BASATA uliowahi kumtikisa msanii namna ile.

Sijui jambo hilo litadumu kiasi gani. Hasira za mtandaoni huisha na bando. Ila limeonyesha mahali pa kushika. Tangu Sheria ya Fedha ya 2022 nchi inadai asilimia 2 ya mapato ya kampuni za kidijitali zilizoko nje, kwa hiyo hoja kwamba wakubwa hao hawafikiki imeshapitwa na wakati. Kama BASATA na TCRA, wasimamizi wa mawasiliano, wangeniuliza, ningewaomba waliweke pembeni daftari la maneno machafu kwa mwaka mmoja tu, wawaandikie TikTok barua yenye swali moja: mtu wa Temeke akimtunza mtu wa Tanga shilingi 1,000, ngapi zinafika Tanga? Jibu lionekane kwenye skrini, chini ya waridi, kabla mtu hajabonyeza. Muuza duka wa Manzese analazimishwa kutoa risiti ya EFD, mashine ya kodi, kwa kilo ya sukari. Sioni kwa nini waridi lisiwe na risiti yake.